Alama Nne za Buluu

Wanjiru alinitumia wasifu wa marehemu baba yake siku ya Jumanne, akaniomba niusahihishe kabla haujapelekwa kwa mchapaji. Ombi kama hilo si geni kwangu. Huku kwetu Nyeri, mwalimu wa Kiswahili ambaye pia ni mzee wa kanisa huletewa kila karatasi itakayosomwa mbele ya watu, nami nimezinyoosha sentensi za maharusi, za vyama vya maji na za marehemu wengi bila kulalamika. Nilichukua kalamu nyekundu nikakaa mezani. Wasifu ulikuwa wa kurasa mbili, na kuhusu miaka mingi ambayo Mzee Gathogo aliitumikia kazi ya msituni kulikuwa na sentensi moja tu: "Baadaye marehemu aliacha kazi katika kiwanda cha mbao, akarudi shambani." Niliisoma mara tatu. Haikuwa na kosa la lugha. Niliinuka, nikaenda dirishani, nikarudi, nikainuka tena, hata mke wangu akaniuliza kama mgongo umeanza kunisumbua. Nikamwambia ni baridi. Huo nao ulikuwa uongo, na mimi huwatoa wanafunzi darasani kwa uongo mdogo kuliko huo. Mzee Gathogo hakuacha kazi. Alifukuzwa kama mwizi wa miti, na binti yake, ambaye ndiye aliyeandika sentensi ile, ameamini hivyo tangu siku hiyo. Mtu pekee anayejua ukweli na bado yu hai huku Nyeri, kwa kadiri ya habari nilizo nazo, ni mimi.

Ulikuwa mwaka niliomaliza shule, katikati ya miaka ya tisini, nikisubiri nafasi katika chuo cha ualimu. Chuo kilikuwa kimenikubali kwa sharti moja: nilete barua ya tabia njema kutoka kwa mwajiri yeyote aliyenijua kwa mwaka mzima. Kwa hiyo niliajiriwa kama karani wa msituni katika kiwanda cha kupasua mbao kilichokuwa juu ya Tetu, mahali mashamba ya chai yanapokoma na miti inapoanza. Nilipewa chumba cha mabanzi chenye kitanda cha chuma, na dirisha lililofunikwa kwa gunia, ambamo ukungu wa Julai uliingia asubuhi kama mpangaji mwingine. Sijawahi kuishi mwaka wenye mahangaiko kama ule. Nilikuwa na miaka ishirini, nilikuwa nimesoma vitabu vingi kuliko nilivyoweza kuvitumia, na kila nilipokaa miguu yangu ilitikisika chini ya meza kama inayotaka kuondoka bila mimi. Nilihesabu wiki. Nilitembea pasipokuwa na haja ya kutembea. Wenzangu wakaniita Karani, na jina hilo likanishika kiasi kwamba hata Wanjiru, aliyekuwa mpiga taipu wa ofisi, alisahau kwamba nina lingine.

Kazi yangu ilikuwa kumfuata baba yake. Mzee Gathogo ndiye aliyeweka alama kwenye miti ya kukatwa, na alama hizo aliziweka kwa bastola. Wasomaji vijana watashangaa, lakini bunduki za rangi ambazo leo watu hulipia ili wafukuzane nazo zilianza kama vyombo vya kazi, vya kutia alama miti iliyo ng'ambo ya bonde na ng'ombe wasiokaribika. Ile ya Mzee ilikuwa nzito, nyeusi, na ilimeza kikopo cha gesi kisichozidi kidole gumba. Risasi zake zilikuwa vidonge vya duara vyenye ganda laini kama la dawa ya hospitali, vimejaa rangi ya mafuta ya buluu. Sisi tuliziita tembe. Baada ya kila mpigo ilibidi uvute komeo kwa mkono, uinamishe mtutu ili tembe nyingine ibingirike mahali pake, kisha ulenge upya. Mzee alipiga mara mbili kwa kila saipras, yaani mti wa mbao uliopandwa: moja kimo cha kifua, moja chini kabisa karibu na mizizi. Ile ya chini ndiyo iliyobaki kwenye kisiki baada ya mti kuondoka, ili mkaguzi aone kwamba uliangushwa kwa ruhusa. Sikumwona hata siku moja akipoteza tembe. Alisimama, akautazama mti kuanzia kileleni kama anayemsalimu mtu, halafu akapiga. "Andika, Karani," angesema, nami ningeandika. Saa ya chakula tulikaa juu ya gogo, nikamsomea gazeti la juzi huku tukila githeri, mahindi na maharagwe, kutoka bakuli moja. Habari za siasa zilimchosha upesi. "Rudia ile ya shule," aliniambia mara nyingi. "Wewe utakuwa mwalimu. Usizoee huku, kijana wangu. Msitu hushika mtu."

Tembe hazikupenda hali ya hewa yetu. Unyevu ulizivimbisha zikakataa kupita kwenye mtutu, na baridi ilizifanya ngumu zikapasukia ndani, kisha tukazibua mtutu kwa kitambaa kilichofungwa kwenye waya. Makopo mazima ya tembe yaliharibika hivyo, na Mzee, ambaye peke yake alikuwa na ufunguo wa stoo, alitakiwa ayafukie. Badala ya kuyafukia alitupatia sisi vijana, pamoja na bastola mbili kuukuu zilizokuwa zimetolewa kazini, tupigane nazo kwa mchezo. Ilikuwa huruma tu. Aliona jinsi Jumamosi alasiri zilivyotuelemea. Aliweka sharti moja, na alilisema akiwa amesimama mlangoni mwa kantini, kikombe mkononi. "Mcheze ndani ya saipras, block ambayo imeshapigwa alama zote. Msivuke njia kwenda upande wa msitu wa asili. Wale wa misumeno hawaulizi rangi ni ya nani. Wakiona buluu wanakata." Tuliitikia sote, "Ndio, Mzee," kama watoto wa shule ya Jumapili.

Mchezo ulikuwa na roho yake katika fundi Otieno, kijana aliyetoka upande wa ziwa kuja kutengeneza mitambo ya kiwanda, na ambaye hakuweza kuona chombo chochote bila kukifungua. Siku ya kwanza tulicheza na bastola kama zilivyotoka kiwandani, tumevaa miwani ya kuchomelea vyuma, na mchezo mzima ulikuwa wa kuvizia: unalala juu ya majani makavu nusu saa kwa ajili ya tembe moja. Wiki ya tatu Otieno alichukua kipande cha bomba la maji la plastiki, akakiunga juu ya bastola kwa kiwiko, na tembe zikawa zinashuka zenyewe. Mwezi uliofuata aliondoa komeo la nyuma akaweka mpini wa mti chini ya mtutu, ukausukuma mbele na nyuma kama pampu, ukapiga bila kuushusha mkono. Kisha, mnamo Agosti, akatoa gesi kwenye mtungi mkuukuu wa kuzimia moto, akaipitisha kwenye mpira wa haidroli wa trekta, mtungi wenyewe ukiwa umefungwa mgongoni kwa mkanda wa gunia. Kitu hicho kilipiga mfululizo, kikatoa barafu nyeupe iliyotuganda vidoleni. Tembe nazo tulizipasha moto kwapani, au kando ya birika la kantini, ambako mama mpishi alilalama, "Mtakuja kunipikia watu rangi, nyinyi!"

Wanjiru ndiye aliyekuwa mlengaji bora. Alicheza na sketi ya kazini, suruali ya baba yake ikiwa ndani yake, na hakuwahi kukimbia. "Karani, wewe unapiga kama mtu anarusha mbegu," alinicheka siku moja, baada ya kunipaka buluu begani. "Ati umesoma. Kitabu haikukufunza kungoja?" Otieno akadakia, "Mwache bwana, huyu anapigana na hewa. Hewa imekufa mara nyingi sana." Walicheka mpaka wakaegemeana. Rangi ile haikutoka kwa sabuni; ilitaka mafuta ya taa au tapentaini, na hata hivyo iliacha kivuli. Ukipigwa, umepigwa, na mwenzako aliona, na mama yako aliona, na Jumapili kanisani shemasi aliona kwenye ukosi wako. Ninayasema haya bila kutaka kuipamba enzi hiyo. Lakini mwaka jana walimu wa shule yetu tulipelekwa Kenol kwa siku moja ya kujenga umoja kazini, tukavishwa barakoa nzuri zinazofunika uso wote, na kijana aliyetupokea akaniwekea mkononi bunduki nyepesi inayoendeshwa kwa betri. "Mwalimu, hii hata nguvu haitaki. Gusa tu. Inatema kama mvua," alinieleza kwa fahari. Nikamuuliza kuhusu rangi. "Hiyo ni maji tu, Mwalimu. Ikinyesha kidogo imeisha, hakuna mtu atajua mlikuwa hapa." Nilimrudishia bunduki yake nikaenda kukaa ndani ya basi. Wenzangu walidhani nimeudharau mchezo. Nilikuwa nikitafakari kwamba maboresho yote niliyoyashuhudia katika vyombo vile, tangu kiwiko cha Otieno hadi betri ya Kenol, yalipunguza kitu kimoja: ule muda ulio kati ya kutaka na kutenda. Mzee Gathogo alikuwa na pumzi nzima ya kufikiri kabla ya kila alama. Mimi, nilipopewa mtungi wa Otieno, sikuwa nayo.

Jumamosi ile Wanjiru alikuwa ameenda mjini kununua utepe wa taipureta. Asubuhi nilikuwa nimepata barua ya chuo ikinikumbusha kwamba siku zinakwisha na barua yangu ya tabia njema haijafika, nami nilicheza kwa hasira ya mtu aliyefungiwa. Tulibaki wawili, mimi na Otieno. Wengine walikuwa wamepigwa wakaketi njiani kula mahindi. Otieno alitoka nyuma ya saipras akakimbia, nikamfuata. Akafika kwenye njia, akageuka akanitolea ulimi, akavuka. Alikuwa anajua sharti, nami nilikuwa ninalijua. Ng'ambo ya njia kulisimama muthaiti, mti wa kafuri, mnene kiasi kwamba watu watatu wasingeweza kuukumbatia, na ni mti ambao sheria ilikataza kuguswa. Otieno aliruka nyuma yake. Nikasukuma mpini na kupiga, nikasukuma na kupiga, mara nne, vidole vikienda mbele ya akili. Alama nne zikajipanga juu ya gome, kimo cha uso wa mtu, zikaanza kutiririka polepole. "Umekosa! Umekosa zote!" Otieno alishangilia. Kisha akatazama juu, akanyamaza. Tulijaribu kuzisugua kwa majani, kwa udongo, kwa shati langu, na buluu ikazidi kuenea. Jumapili hakuna mti uliokatwa, kwa hiyo tukakubaliana nije Jumatatu alfajiri na tapentaini.

Jumatatu nililala kupita kiasi. Sababu haina uzito wowote: usiku nilikuwa nikitembeatembea chumbani nikiwaza kuhusu chuo, usingizi ukanijia mapambazuko. Niliamshwa na mlio wa misumeno ya injini, na nikajua inatoka upande gani. Nilipofika nikiwa na kopo la tapentaini chini ya koti, muthaiti ulikuwa umelala chini, umevunja miti midogo kadhaa, na harufu yake kali ya kafuri ilikuwa imejaa mahali pote hata macho yakawasha. Msimamizi wa wakataji alikuwa akitabasamu. Mbao za muthaiti hazifanani na za saipras kwa thamani. Alama ya chini hakuitafuta. Otieno alinishika mkono akanivuta kando. "Karani, ukisema, mimi narudi kwetu na sanduku. Ule mtungi nilitoa kwa ukuta wa kiwanda. Na wewe hiyo barua yako sahau." Nilimwaga tapentaini kwenye mtaro na kuzika kopo.

Ofisa wa misitu alifika Jumatano, akapiga kelele, akaondoka akidai jina la mhusika. Meneja alimwita Mzee Gathogo ofisini, akaniita na mimi niandike maelezo. Chumba kilikuwa kidogo, chenye meza moja, kalenda ya mwaka uliopita na jiko la makaa lililotoa moshi. Nyuma ya ubao mwembamba Wanjiru alikuwa ameketi mbele ya taipureta, vidole vimetulia, anasikia kila neno. "Nani mwingine ana ufunguo wa stoo?" Meneja aliuliza. "Hakuna," Mzee alijibu. "Nani alipiga huo mti? Uliuzia nani?" Mzee aliitazama kofia yake. Angeweza kusema kwamba aliwapa vijana makopo yaliyoharibika. Alisema hivi, nami niliandika kwa mkono wangu: "Rangi ni yangu. Hiyo siwezi kataa." Meneja akanigeukia. "Karani, wewe hufuatana naye kila siku. Ulimwona akipiga huo mti?" Nikasema, "Sikumwona." Maneno hayo yalikuwa ya kweli. Meneja aliyaelewa kama nilivyojua kwamba atayaelewa: kwamba mzee alirudi peke yake, kwa siri, amemficha hata karani wake. Hapo Mzee Gathogo aliinua macho akanitazama, si kwa muda mrefu. Alikuwa ameliona shati langu Jumapili, lenye buluu kifuani hadi viwikoni, rangi ya mtu aliyeukumbatia mti akiusugua. Nilisubiri aseme. Aliweka kofia kichwani, akauliza kama anaweza kwenda kuchukua bakuli lake.

Alasiri hiyo nilikaa kwenye benchi la kantini, chini ya dirisha la ofisi, chai ikipoa mbele yangu. Niliisikia taipureta ikianza, ikasimama, ikaanza tena. Wanjiru alikuwa akipiga barua ya kumfukuza baba yake. Mama mpishi alisema kwa sauti ya chini, "Huyo msichana angepewa ruhusa aende nyumbani," na mtu mwingine akajibu, "Na nani atapiga?" Barua ilipokwisha, mashine ikapumzika kidogo, ikaanza nyingine. Hiyo ya pili ilikuwa yangu. Meneja alikuwa ameridhika na jinsi nilivyojibu. Aliniambia kijana mkweli asicheleweshwe. Wanjiru aliniletea barua akiwa hajakunja uso wala hajalia. "Shika, Karani. Utepe mpya, ona vile imetoka safi," alisema. Sikuipokea kwa mkono mmoja kama ilivyo kawaida ya haraka yangu. Niliipokea kwa miwili, kwa adabu, na adabu hiyo inanichoma leo kuliko uongo wenyewe.

Niliondoka wiki iliyofuata. Otieno naye alihamia mjini, akafungua karakana ndogo Majengo, na nilipopita hapo miaka michache baadaye niliambiwa amekwisha kufariki. Nimefundisha kwa zaidi ya robo karne. Nimesimama mbele ya watoto nikawaambia kwamba ukweli nusu ni uongo uliovaa suti, na nimewaadhibu waliotumia maneno sahihi kuficha jambo. Nilikuwa ninalijua somo hilo vizuri mno. Mzee Gathogo nilimwona mara kadhaa sokoni, akiuza maziwa, na kila mara alinisalimu kwanza. "Mwalimu," aliniita, kwa furaha isiyo na doa, kama aliyetimiza kitu. Nami kila mara nilikuwa na haraka.

Basi usiku huo wa Jumanne nilichukua kalamu nikafuta sentensi ya Wanjiru, nikaandika nyingine: kwamba marehemu alifukuzwa kwa kosa asilolitenda; kwamba alama za muthaiti ziliwekwa na vijana fulani waliokuwa wakicheza; kwamba aliwajua akawanyamazia. Nilimtumia. Alinipigia simu kabla ya saa mbili asubuhi.

"Mwalimu, hii umeongeza ni ya ukweli, ama ni ya kupamba?"

"Ni ya ukweli, Wanjiru."

Nilimsikia akivuta kiti. "Mimi ndiye nilipiga ile barua."

"Najua. Nilikuwa chini ya dirisha."

"Na yako nikapiga hiyo siku."

"Najua."

"Miaka yote hii nimempikia nikijua ni mwizi. Sikumwambia. Nilimpikia tu." Ng'ombe alilia upande wake wa simu. "Vijana fulani ni akina nani?"

Sikuwa na sentensi nyingine iliyo sahihi ya kujifichia. Nikamwambia. Nikamweleza pia kuhusu tapentaini, na usingizi, na shati. Mwishowe alisema, "Sitatoa hayo maneno. Lakini mimi siwezi kuyasoma. Utasoma wewe. Na hiyo ya vijana fulani uondoe, uweke jina."

Tulimzika Ijumaa, kwenye mteremko wa shamba lake, upepo wa mlimani ukipindua karatasi mikononi mwa watu. Mbele yangu walikuwapo wazee wenzangu wa kanisa, wanafunzi wangu wa zamani sasa wakiwa wazazi, na mwalimu mkuu wangu. Nilisoma kuzaliwa, ndoa na watoto. Nilipofika kwenye muthaiti miguu yangu, ambayo haijawahi kutulia maishani mwangu, ilitulia. Nilisoma jina langu kamili, la ubatizo na la baba yangu, kisha nikaendelea hadi mwisho, kwa sababu wasifu ule ulikuwa wake. Hakuna aliyepiga kelele. Mzee mmoja wa kanisa alikohoa na kugeuka kuutazama msitu.

Baadaye watu walipanga foleni ya chakula chini ya hema. Sikuthubutu kuingia ndani yake. Nilisimama kando ya boma la ng'ombe, nikitafuta njia ya kuondoka bila kupita mbele ya mtu, mkono mfukoni juu ya nakala ya barua ya tabia njema niliyokuja nayo bila kujua ninataka kuifanya nini. Wanjiru alitoka jikoni na sahani ya wali na maharagwe, akanijia moja kwa moja. Hakutabasamu. Alinikabidhi sahani, nami nikaipokea kwa mikono miwili.

"Kula, Karani," alisema, akarudi kuwahudumia wengine.